Dume Anayelalia Mayai

Safari yetu ilizaliwa na ubishi, pale Butiama, siku ya ubatizo wa mwanetu Neema. Mke wangu Perusi alikuwa amepata nafasi ya kusomea uuguzi Musoma mjini, nami nikatangaza mbele ya ndugu kwamba mtoto nitamlea mimi. Ni fundi cherehani, kazi yangu naifanyia nyumbani kwetu Kitaji, hukohuko Musoma. Shida iko wapi? Baba Mdogo Wambura, ambaye neno lake katika ukoo wetu halipingwi, akaweka sahani chini.

"Mwanangu, umeona wapi dume analalia mayai?"

Watu wakaangua kicheko. Perusi hakucheka.

"Kwetu kisiwani yupo, baba. Ni ndege mdogo, anatembeaga chini tu kwenye majani. Jike akishataga anaenda zake kuimba. Anayelalia ni dume."

"Nionyeshe. Nikimwona, sina neno tena. Nisipomwona, mkamwana, chuo basi."

Kesho yake asubuhi tukapanda basi, Baba Mdogo akiwa na suti yake ya kanisani. Tulipofika Kiabakari gari zima lilikuwa limeshajua tunakokwenda, na kila abiria alikuwa na upande wake. Mama mmoja aliyeshukia Bunda alichungulia dirishani: "Mzee, ukimwona huyo ndege mwambie aje kwangu, kuna mume anahitaji mafunzo!" Nilicheka mpaka mbavu zikauma.

Kutoka Bunda tulishuka hadi ziwani, tukapanda mtumbwi wa injini. Baba Mdogo ni mtu wa ng'ombe. Maji mengi hayajui. Alimkumbatia Neema njia nzima, akidai anamlinda. Neema alilala fofofo. Aliyekuwa akitetemeka ni mlinzi.

Kisiwani mama mkwe alitupokea kwa vigelegele na ugali wa muhogo. Alipoelezwa ubishi wenyewe, akapiga makofi.

"Mmefika wakati wake! Kiota kipo hapo nyuma ya shamba. Anataga asubuhi asubuhi. Ila mlale chini kama mijusi."

Kulipokucha tukalala kifudifudi kwenye umande, suti na yote. Kwanza tukasikia sauti nzito, huum, huum, kama mtu anapuliza mdomo wa chupa. "Huyo ndiye mama," Perusi akanong'ona. Mbele yetu, ndani ya nyasi, kidume cha rangi ya majani makavu, hata ngumi hakijai, kilikuwa kimekaa kimya. Jike akatokea akitembea kwa madaha, mkubwa kuliko dume, kifua chekundu kama udongo. Dume akainuka akampisha. Tukaona mayai mawili. Jike akakaa kitambo, akanyanyuka: matatu! Hakugeuka hata kuyatazama. Akaingia majanini, na huum zake zikaanza upya.

Dume akarudi. Akayasukuma mayai yale chini ya tumbo kwa mdomo, akavuta nyasi akajifunika.

Moyo ulinidunda kama nimeshinda uchaguzi. Nikamgeukia Baba Mdogo. Alikuwa ameuma mkono wa koti, mabega yakitikisika, machozi ya kicheko yakimtoka. Nikataka kupiga kelele ya furaha, akanifumba mdomo.

"Shh! Tusimsumbue mwanaume mwenzetu kazini."

Njiani kurudi alimsimulia kila aliyekuwa na masikio. Bunda yule ndege alikuwa mdogo. Kiabakari akawa saizi ya kanga. Butiama Baba Mdogo alipiga magoti katikati ya ua, akaonyesha yule dume anavyosukuma mayai, ndugu wakalia kwa kucheka. Kisha akajipangusa vumbi.

"Chuo aende," akasema.

Perusi ameanza masomo. Nami najifunza yasiyoonekana kwenye kile kiota: Neema hulala cherehani ikilia, ikinyamaza anaamka. Siku hizi nashona hata nguo ambazo hakuna aliyeziagiza.