Sauti ya Daktari

Katika kikundi chetu cha maigizo pale Mbeya nilipewa nafasi ambazo wenzangu walizikataa: mlinzi, mchawi, mjomba mlevi. Sura yangu haikuwa ya shujaa. Baadaye studio moja ya Uyole, chumba kilichozibwa kuta kwa magodoro, ikanichukua kuingiza sauti za Kiswahili kwenye tamthilia za nje. Huko nikapewa nimsemee mwigizaji mmoja mzee, Mfaransa. Sijawahi kuonana naye, wala hakuwahi kuwa mhusika mkuu. Mara wakili, mara padri, na safari hiyo daktari mpole anayewatilia wagonjwa wake sumu kwenye chai. Nilijifunza anavyovuta pumzi kabla ya kusema uongo. Kila alipopata kazi kwao, nami nilipata.

Daktari huyo alikuwa bado hajakamatwa nilipokwenda Iringa kujitambulisha kwa wazazi wa mchumba wangu.

Niliketi sebuleni na baba. Mama alikuwa jikoni. Niliposema tu, "Shikamoo baba," kule jikoni sufuria ikaanguka.

"Nani huyo anaongea?" mama akauliza.

Mchumba wangu akamfuata kumweleza kuwa ni sauti ya yule daktari anayemtazama kwenye runinga. Nikamsikia mchumba wangu anacheka, peke yake.

Baba akanitazama upya. "Tuliambiwa wewe ni mwigizaji. Unaigiza nini hasa?"

"Naingiza sauti, baba."

"Yaani anayeonekana ni mwingine, anayesema ni wewe."

"Ndiyo."

"Sasa mtu wa namna hiyo sisi tutamjuaje?"

Nikaambiwa niombee chakula. Nilipofumbua macho, baba alikuwa ananikodolea, na mama amesimama mlangoni, akiangalia mikono yangu. Nilipotaka kumimina chai, akaiwahi chupa.

Njiani kurudi nilimuuliza kondakta jambo dogo, nikajisikia navuta pumzi vilevile kama yule daktari. Nikaanza kujitilia shaka mwenyewe. Kutoka Igawa hadi Uyole sikufungua mdomo.

Wiki chache baadaye baba akatokea studio bila taarifa. Akakaa kwenye kiti cha plastiki, kofia magotini. Siku hiyo polisi walikuwa wamemzingira daktari, naye akanywa sumu yake mwenyewe. Nikakohoa, nikakoroma, nikanyamaza.

"Amekufa kweli?" baba akauliza.

"Amekufa."

"Hawezi kurudi?"

"Hawezi, baba."

Akampigia simu mkewe, wakaongea Kihehe kwa muda mrefu. Kisha akavaa kofia. "Haya. Walete wazee wako."

Tulifunga ndoa kanisani, Iringa. Mama mkwe hunifungia viazi kila nikienda, na mgongo ukiniuma ananiulizia. Lakini nikimpigia simu husema, "Subiri kwanza," halafu anamwita mtu mwingine aje asikilize pamoja naye. Nimemuuliza mke wangu kama ni utani. Anasema hata yeye hajui.