Sato wa Nazi na Karanga

Nakumbuka Jumamosi moja ya mwezi wa Saba, miaka ile ya ujamaa tulipokuwa tukipanga foleni hata ya chumvi. Mwezi huohuo nilimpoteza mama yangu. Mwanangu, watu wengi husimulia mema waliyowatendea wafu wao, na mengine huyazika pamoja nao. Mimi nitakusimulia nilivyompikia mama vibaya.

Tulikaa Butimba. Mama aliletwa kwangu kutoka Bukoba akiugua tumbo, na daktari alishatuambia tumtunze tu. Kila alichokula kilirudi. Asubuhi ile akaniambia, "Koku, nipatie kitu chepesi. Kiwe na ladha, lakini chepesi."

Jirani yangu alikuwa Mama Efua. Alizaliwa katika visiwa vya mbali sana, huko bahari ya Pasifiki, na mumewe alikuwa Mghana aliyekuja kufundisha. Jikoni kwao vyakula vya pande mbili vilikuwa vimeoana kama wao wenyewe. Nilimwendea, kwa kuwa kuuliza si ujinga. Akanionyesha: sato aliyetolewa miiba, ndimu, tui jepesi na jani la mgomba, kama kwao visiwani. Kisha tangawizi, nyanya moja, kijiko kimoja cha karanga zilizosagwa na pilipili nzima isiyopasuka, kama kwa mumewe. Unafunga, unaweka juu ya maji yanayochemka, basi.

"Mafuta hapana," alisema. "Hata tone, mdogo wangu."

Sisi watu wa Kagera hatukuzoea nazi. Zile zilipanda treni kutoka pwani, na Mama Efua alinipa yake ya mwisho. Nikaenda nayo nyumbani nikiwa na nia njema kabisa.

Lakini shangazi yangu alikuwa pale, na wageni kutoka kanisani walikuwa wanakuja kumjulia mama hali. Nilipombandika samaki, shangazi alichungulia sufuria akacheka. "Samaki huyu anapikwa au anaogeshwa? Wageni watasema kwa Koku kuna njaa!"

Nikaona aibu. Nilikuwa na nusu chupa ya mafuta ya pamba, niliyoipangia foleni tangu alfajiri, na siku hizo kumpikia mtu kwa mafuta mengi kulikuwa ni kumheshimu. Nikamkaanga yule sato. Karanga nikatia bakuli zima. Mchuzi ukawa mzito, unang'aa, na wageni wakanisifu.

Mama alinitazama, akatazama sahani. Alikula matonge matatu kwa ajili yangu. Kabla wageni hawajaaga alikuwa anatapika, na alitapika mpaka jioni, akishika mkono wangu kila mara kama anayeniomba radhi.

Mama Efua alisikia, akaja. Alifunua sufuria.

"Ulimpikia nani, mdogo wangu? Mama, au wageni?"

Nikaanza kulia. Hakunibembeleza. Alisema tu, "Kesho tafuta sato mwingine. Nazi nitaomba kwa mtu."

Jumapili nikapika kama nilivyofundishwa. Mama alifungua jani mwenyewe, akanusa, akaonja mchuzi.

"Huyu samaki kaoga nazi au kazama?"

"Kaoga tu, mama."

Akala nusu, na chakula hakikurudi. Shangazi akaomba kuonja. Alikwangua jani lote, na tangu hapo hakuchungulia tena sufuria yangu.

Sitakudanganya kwamba chakula kile kilimponya. Hakikumponya. Alikula kidogo kidogo kwa siku sita, na siku hizo alikuwa na nguvu ya kuongea.

Wazee husema mgonjwa haulizwi uji, yaani mpe tu, usingoje aseme. Mimi sikuhitaji hata kuuliza. Mama aliniambia kwa kinywa chake anachotaka, nami nikawasikiliza wageni wa mlangoni. Basi, mwanangu, unapomhudumia mtu, mtazame yeye. Akisema chepesi, mpe chepesi, hata kama majirani watakuona bahili. Sifa za wageni huondoka na wageni. Na ukishakosea, usikae na aibu yako ukalia tu; kesho yake pika upya, kama bado yupo wa kupikiwa. Mungu akupe mikono inayosikia, na akuepushe na majuto ya kumlisha umpendaye kwa ajili ya macho ya watu.

Jumamosi iliyofuata, asubuhi, mama alikula vijiko viwili, akanisogezea bakuli. "Malizia wewe," alisema. "Hujala tangu jana." Nikamalizia nikiwa nimekaa kitandani kwake. Kisha nikatoka kuosha bakuli, na niliporudi alikuwa ameshafariki.