Damu ya Mbuke Haikudanganya

Mbuke alizaliwa Usangu, katika familia ya Wasukuma walioshuka bondeni na ng'ombe zao miaka mingi kabla yake. Alipokuwa na miaka tisa aliumwa koo. Nyumbani walimpa maji ya chumvi, koo likapona, habari ikasahaulika. Miaka kumi baadaye akawa hawezi kuvuka jaruba moja la mpunga bila kukaa chini apumue. Ugonjwa ule wa koo ulikuwa umehamia kwenye moyo na kuula polepole. Akapelekwa Dar es Salaam, akapasuliwa kifua, akawekewa vali ya chuma. Ukikaa naye chumba kimoja kilicho kimya unaisikia ikigonga, kama saa ya mkononi.

Damu ikipita kwenye chuma hupenda kuganda. Donge likitokea pale, linaweza kuziba vali yenyewe au kwenda kukwama ubongoni. Ndiyo maana mwenye vali ya namna hiyo humeza vidonge vya warfarini maisha yake yote, na kila mwezi hupimwa damu ijulikane inaganda kwa kasi gani. Kipimo hicho huitwa INR. Kwa Mbuke kilitakiwa kisimame kati ya mbili na nusu na tatu na nusu. Kikishuka, damu inaganda. Kikipanda mno, anavuja damu. Mimi ndiye niliyekuwa nikimpima katika hospitali moja ya Mbeya, kwa hiyo nina sehemu yangu katika habari hii, na sitaificha.

Malimi alimwoa miaka miwili baada ya upasuaji. Mbuke alimweleza yote kabla wazee hawajakutana kuzungumza mahari, akamwonyesha hata kovu. Malimi alijibu kwamba mke hachaguliwi kama mtamba mnadani. Neno hilo Mbuke alilihifadhi, na alinisimulia zaidi ya mara moja, akicheka kwa aibu. Walihamia mtaa wa Soweto, hapa Mbeya, Malimi akiwa na mashine ya kusaga. Kila siku ya kliniki alifunga mashine akaja naye. Waume wa namna hiyo ni wachache, nasi tuliwataja kuwa mfano.

Siku moja niliwakalisha wote wawili benchini, kati ya wagonjwa wengine, nikawaeleza dawa ile inafanya nini, maana mgonjwa asiyejua sababu huacha dawa. Nilianzia kwenye protini. Protini ni mnyororo, nikasema, na pingili zake zinaitwa asidi amino. Pingili moja ni asidi ya glutamiki. Hiyo ina mkono mmoja tu wa kushikia, yaani kundi la kaboksili, lenye kaboni moja na oksijeni mbili. Ini likishatengeneza protini za kugandisha damu, hurudi kwenye baadhi ya pingili hizo na kuziongezea mkono wa pili kandokando ya ule wa kwanza. Hapo glutamiki inageuka kuwa kitu kingine, asidi ya gama-kaboksiglutamiki. Sisi huiita Gla kwa kifupi. Mikono hiyo miwili pamoja hukamata madini ya kalsiamu, na kalsiamu ndiyo inayoifanya protini ing'ang'anie penye kidonda. Bila mkono wa pili protini ipo, lakini inaelea tu katika damu bila kazi.

Mbuke alisikiliza, kisha akasema, "Ni kama fahali, dada. Ukimshika pembe moja anakuzungusha. Umshike zote mbili ndipo atulie."

"Na wewe ulimshika fahali lini?" Malimi akamtania. "Ulikuwa unakimbia hata ndama."

"Si nimekushika wewe?"

Benchi lote likacheka. Nikaendelea. Anayeuweka mkono wa pili, nikasema, ni kimeng'enya cha ini kikisaidiwa na vitamini K. Kila mkono mmoja ukiwekwa, vitamini K moja inachoka, na ini huihuisha ili itumike tena. Warfarini huzuia kule kuhuishwa. Mikono inakuwa michache, damu inachelewa kuganda, vali inabaki safi. Ila vitamini K mpya hutoka kwenye mboga za majani. Kwa hiyo mboga asiache, lakini ale kiasi kilekile kila siku, asipunguze wala asizidishe.

Malimi aliinua mkono kama mwanafunzi. "Kwa hiyo majani yakizidi, dawa inashindwa?"

Nilimjibu ndiyo, inashindwa. Nikawaambia wagonjwa wengine waliokaa pale kwamba hilo ndilo swali la mtu mwenye akili, na laiti waume wote wangesikiliza namna hiyo.

Suala la mtoto lilikuja mwaka wa pili wa ndoa. Daktari aliwaambia wazi. Gla haiko kwenye damu peke yake. Ipo pia katika protini za mifupa na gegedu, inakopanga kalsiamu ikae mahali pake isiende isipotakiwa. Warfarini huvuka kondo ikamfikia mtoto tumboni, na katika miezi ya mwanzo inaweza kuiharibu mifupa yake, hasa ya pua. Njia ilikuwepo: wasubiri, moyo upimwe vizuri, na kabla ya kubeba mimba Mbuke ahamishiwe kwenye sindano ambazo hazimfikii mtoto. Daktari alisema inaweza kuchukua mwaka. Walikubali wote wawili. Mama yake Malimi, kule Usangu, alikuwa akituma salamu zenye miiba, akiuliza kama hiyo saa ya kifuani nayo inazaa. Mbuke alisema salamu hizo hazimsumbui, kwa kuwa mumewe yuko upande wake.

Miezi miwili baadaye kipimo chake kilishuka kutoka mbili nukta tisa hadi moja nukta sita. Daktari akaongeza dawa. Mwezi uliofuata, moja nukta nne. Akaongeza tena. Kipimo hakikupanda. Nilirudia kupima kwa mkono wangu, nikabadilisha hata kemikali za mashine. Jibu lilikuwa lilelile, na jibu hilo kwa kawaida lina maana moja: mgonjwa hamezi.

Nilimwita mbele ya daktari na mumewe. Nikamuuliza kama anameza. Akasema anameza. Nikamuuliza mboga. Akasema ni zilezile, kiganja kimoja cha mchicha kila siku. Alikuwa amebeba pakiti tupu za vidonge kama ushahidi. Nikamwambia pakiti tupu si ushahidi wa kitu, hata choo kinaweza kumaliza vidonge. Naandika maneno hayo kama nilivyoyasema.

Malimi alikuwa amekaa kando yake. Alimshika bega akasema kwa upole, "Mbuke, waambie ukweli. Hapa ni hospitali, hakuna wa kukucheka."

Mbuke alimtazama. "Nameza," akasema.

Daktari aliamua kwamba tangu siku hiyo atameza mbele ya mumewe, na Malimi atie alama kwenye karatasi kila jioni. Alizileta karatasi hizo kwa miezi miwili, safi, bila siku hata moja kurukwa. Kipimo kilibaki chini. Kwenye faili niliandika kwamba mgonjwa si mkweli.

Kisha shangazi yake, Roza, anayeishi Ipogolo, akafanyiwa upasuaji wa macho, na Mbuke akaenda Iringa kumuuguza. Alibeba vidonge vyake katika ile dozi kubwa tuliyokuwa tumeifikia. Siku ya nane alipiga mswaki, fizi zikatoa damu isiyokoma. Siku ya kumi pua nayo ikaanza kuvuja damu. Roza, na jicho lake limefungwa pamba, alimshika mkono wakaenda hospitali. Kipimo kilikuwa nane na zaidi. Walimlaza, wakamchoma sindano ya vitamini K, wakatupigia simu.

Nilipoisikia namba ile nilifungua faili lake. Mtu anayetupa vidonge chooni havuji damu namna ile. Alikuwa akimeza vyote. Kilichokuwa kikiishinda dawa kilikuwa Soweto, na alipokiacha nyuma, dawa yote tuliyomwongezea ikamrukia kwa mara moja. Roza aliomba simu akanisemesha bila salamu. "Ninyi mnaosoma damu, mmewahi kusoma sufuria? Huyu mtoto kwake alikuwa anakula nini ambacho kwangu hakipo?"

Kwa Roza alikula ugali, maharage, na kiganja chake cha mchicha. Alichokosa ni uji wake wa asubuhi. Uji huo ulikuwa wa unga wa ulezi na karanga, na Malimi ndiye aliyemsagia, kwa mashine yake mwenyewe. Alimwambia ni lishe ya kumtia nguvu.

Alipopata nafuu Mbuke alirudi Mbeya. Hakumuuliza mumewe lolote. Alingoja aende mashineni, akafungua ndoo ya unga, akauchekecha kwa kitambaa chembamba. Unga wa ulezi ni mweusi na huficha mengi. Juu ya kitambaa vilibaki vijiti vyembamba kama nyuzi na chembe za kijani iliyofifia. Akanusa. Ilikuwa nsansa, majani ya kunde yaliyochemshwa na kuanikwa, ambayo Wasukuma huyaweka kwa ajili ya kiangazi. Mbuke ameyaanika tangu utoto, na hakuhitaji maabara imwambie. Kilo nzima ya mboga ikikauka inaingia kwenye mifuko miwili ya koti, na alikuwa akiinywa kila asubuhi bila kujua.

Alikuja kliniki na kile kitambaa kimefungwa fundo. Malimi aliitwa akaja na unga kwenye nyusi. Hakukana. Nilitegemea akane, na ingekuwa afadhali, maana mtu anayekana anajua alichofanya ni kibaya.

"Mlisema wenyewe majani yanaishinda dawa," alisema. "Daktari akasema dawa ndiyo inazuia mtoto. Nikaona ishindwe kidogo kidogo, apate mimba bila kungoja mwaka, basi. Nsansa ni chakula. Mama yangu amekula miaka sabini. Sikumpa sumu."

Daktari alimweleza kwamba kwa miezi minne mkewe alikuwa akitembea na vali ambayo ingeweza kuziba wakati wowote. Na kwamba hata mtoto hangekuwa salama. Ini la kichanga tumboni ni dhaifu, vitamini K inamfikia kidogo, lakini warfarini inamfikia tele, na kila tulipoongeza dozi kwa sababu ya majani tulikuwa tunaongeza hatari kwa mtoto huyohuyo aliyemtaka. Njia iliyonyooka ilikuwepo na aliikubali kwa kutikisa kichwa mbele yetu. Hakuipenda kwa kuwa ilikuwa ndefu.

Mbuke alisikiliza yote. Hakuuliza habari ya vali wala ya mimba.

"Siku ile uliponiambia niseme ukweli," alimwambia mumewe, "ulikuwa umeshaanza kuyatia?"

Malimi alitazama viatu vyake. "Ndiyo."

"Na jioni ulikuwa unatia alama."

Malimi akajifuta unga kwenye nyusi.

Nilimwomba Mbuke msamaha palepale, mbele ya wote, kwa kuwa nilimtuhumu mbele ya wote, na faili nikaliandika upya huku akiona. Sikutaka kujitetea kwamba namba ndizo zilizonidanganya. Namba zilisema dawa inashindwa. Aliyesema Mbuke ni mwongo ni mimi. Alinijibu kwa heshima kuliko nilivyostahili. "Wewe dada hukujua. Yeye alijua, akakuacha unigombeze. Hamfanani."

Jioni hiyo alipanda basi la Iringa na sanduku moja. Vipimo vyake vikahamishiwa huko.

Baada ya miezi miwili Malimi alifika Ipogolo na baba zake wadogo wawili kutoka Usangu. Roza ndiye aliyenisimulia. Wazee walizungumza vizuri. Walisema kijana amekosa, lakini amekosa kwa mapenzi, anataka uzao, na mwanamume kutaka uzao si dhambi. Walisema pia kwamba tangu dunia iumbwe hakuna baraza lililomhukumu mtu kwa kumlisha mkewe mboga. Mmoja alijaribu mzaha: kama nsansa ni silaha, Usangu nzima wangekuwa jela. Hakuna aliyecheka, hata Malimi.

Mimi nawasikia wazee hao kila mahali siku hizi. Mtu akidanganya kwa ajili ya kitu kizuri, tunakiangalia kile kitu na kuuacha uongo upite. Lakini mwenye kudanganywa hapati kile kitu kizuri. Anapata uongo tu, na anaumeza kila asubuhi.

Mbuke aliwaandalia chakula, akanawisha wazee mikono, akasubiri mpaka wamalize. Kisha akapiga magoti kama inavyopasa, akawajibu.

"Baba, majani nimeyasamehe. Angeniambia anataka mtoto mpaka anashindwa kungoja, pengine ningeyala mwenyewe huku nikijua, tukafa au tukapona pamoja. Lakini alinishika bega mbele ya watu akaniambia niseme ukweli. Mkono ule siwezi kulala nao."

Mzee mkubwa aliuliza kama hilo ndilo neno la mwisho. Mbuke akasema ndilo, na kwamba habari ya ng'ombe wa mahari wakaizungumze na baba yake, yeye hana neno juu yao. Wazee waliaga. Malimi alibaki amekaa hata baada ya wao kutoka, mpaka baba yake mdogo akarudi mlangoni akamwita kwa jina.