Mtu wa Shingo Mbili

Mara ya kwanza nilipomwona, shingo yake ilikuwa imejaa wino. Waridi lilichomoza kwenye kola, majani yakapanda hadi nyuma ya sikio, na chini ya kidevu palikuwa na maneno ya Kihispania ambayo sikuweza kuyasoma kwa sababu hakutulia. Alichukua ufunguo wake mapokezi, akapanda lifti. Asubuhi ya pili alishuka kunywa kahawa akiwa na shingo safi kama ya mtoto mchanga.

Nilikuwa mlinzi katika hoteli moja ya Marina, na mahali pangu palikuwa kati ya mlango wa kuzunguka na meza ya mizigo. Nimezaliwa Kericho. Wakala aliyenileta Dubai aliniahidi kazi ya kupokea wageni, nikafika nikapewa buti na redio ya mkononi. Kwa hiyo shaka kwangu haikuwa kazi tu. Nilikuwa nimeshaifanya tabia, kama mtu aliyewahi kung'atwa na nyoka anavyopapasa kiatu kabla ya kukivaa.

Nilimwendea supavaiza wetu, Mhindi wa Kerala mwenye upole usiotabirika.

"Sir," nikamwambia, "yule mgeni Mmarekani jana alikuwa na michoro shingoni. Leo hana."

Alimtazama kwa mbali, akaifikiria kazi yake, akaifikiria na yangu. "Ni mgeni mkubwa. Amelipiwa na kampuni. Mwache, khalas, yamekwisha." Alipiga hatua mbili, akarudi. "Lakini mwangalie."

Basi nikamwangalia. Niligundua mambo ambayo kila moja lingeweza kuwa la kawaida, ila yakikaa pamoja yalininyima raha. Mapokezi walimwita kwa jina moja. Wazungu wawili waliokuja kumchukua kwa gari walimwita kwa jina lingine. Akipokea simu alijitambulisha kwa la tatu. Taulo zake, kwa mujibu wa dada wa usafi, zilitoka chumbani zikiwa na madoa ya rangi ya ngozi. Na hakuwa mtu wa kuketi akiupa mlango mgongo.

Siku moja kabla ya mchana nilikuwa nikikagua ngazi za dharura, zile ambazo mgeni hana haja nazo kama lifti zinafanya kazi. Nikasikia sauti ya mwanamume ikisema kwa Kiingereza, polepole kama anayemwekea mgonjwa dawa kijikoni: "Ukilitaja tena jina langu, mama yako atavaa nyeusi." Kisha sauti ileile ikarudia maneno yaleyale, safari hii kwa ukali. Kisha tena, kwa kicheko.

Nilishika redio, nikasukuma mlango. Alikuwa peke yake, amesimama na soksi, ameukabili ukuta.

"Unaongea na nani, sir?"

"Na huyu mjinga," akasema, akiuelekezea ukuta kidole. Alipoona sicheki alishusha mkono. "Nafanya mazoezi. Mimi ni mwigizaji." Alilitamka neno hilo kama mtu anayejaribu koti dukani, hajui kama linamkaa. "Yaani, nilikuwa rapa. Sasa ni mwigizaji."

"Na shingo, sir?"

Akaigusa. "Umeiona? Mwongozaji wa filamu hajaamua kama muuza unga wake awe na michoro au asiwe nayo. Leo wananipaka rangi ya ngozi juu yake, kesho wananifuta."

Nikajibu, "Sawa, sir," nikamfungulia mlango wa kurudi korido. Sikumwamini hata chembe. Pale Marina kila mwanamume wa tatu alikuwa mtu wa filamu. Walikaa vibarazani na miwani ya jua, wakiwaambia wasichana wa Kikenya na wa Kiganda kwamba wana sura za kamera. Nilimjua msichana mmoja aliyefuata maneno hayo, na aliporudi hakutaka kutuambia alikokuwa.

Chumba changu kilikuwa Al Qusais, na kitanda cha chini yangu kililaliwa na mwanamke wa Kiganda aliyekuwa mhudumu katika mkahawa wa Al Rigga. Aliniita nyabo, kama anavyomwita kila mwanamke anayemheshimu au anayetaka kumgombeza. Nilipomsimulia habari za mtu wa ngazini, aliniuliza lile jina walilomwita wale Wazungu, akalitafuta kwenye simu yake, kisha akaketi wima.

"Nyabo, njoo uone."

Alikuwa ndiye. Kijana zaidi, mwembamba, waridi likiwa bado bichi shingoni. Amekaa juu ya boneti ya gari, nyuma yake wanaume wameficha nyuso, naye anatema maneno kwa kasi ambayo hata pumzi haikupata pa kupenya. Mikono yake ilikatakata hewa. Tuliyoyashika ni machache: magunia, mpaka, maadui waliozikwa.

"Kumbe kweli ni rapa," nikasema.

"Kumbe kweli ni muuza unga," akasema mwenzangu. "Mtu hawezi kuimba vitu hivyo vyote asivijue."

"Anasema anaigiza."

"Mwizi naye huigiza kuwa mteja."

Siku chache baadaye yule mgeni alinijia palepale mlangoni, kofia mkononi. Alisema watapiga picha ndani ya lobi yetu, uongozi umekubali, na kuna kipande ambapo yule mhusika wake anaingia hotelini na mlinzi anamtazama. Waigizaji waliojaribiwa wote walikuwa wamemtazama kama mashabiki. "Nataka mtu anitazame kama ulivyonitazama kule ngazini," akasema. "Utakubali?"

Sikufurahi. Ndivyo watu wa filamu walivyoanza na yule msichana niliyemjua, kwa neno nataka na neno utakubali.

"Kuna masharti, sir," nikasema. "Supavaiza wangu ajue. Na kwanza uje uonane na ndugu yangu, mahali pa watu, mchana."

Nilitegemea acheke au akasirike. Aliuliza tu ni wapi.

Alikuja Al Rigga siku yangu ya mapumziko, mkahawani kwa mwenzangu, maana ndiye niliyemwita ndugu, akapewa meza iliyo katikati kabisa, wanaume wa Kisudani wakila upande huu na familia ya Kifilipino upande ule. Mwenzangu alikuwa amemaliza zamu lakini hakuvua aproni. Alimwekea wali na mbuzi, akaketi mbele yake, akamhoji kama askari wa kituo.

"Umemuua nani?"

Alimeza kwanza. "Sijamuua mtu."

"Kwenye nyimbo umezika wengi."

"Kwenye nyimbo, ndiyo."

"Basi ulikuwa unadanganya."

Akaweka kijiko. Nilimtazama vizuri ili nimfume na uongo ukiwa bado mdomoni. Alisema wazazi wake walitoka Kolombia, yeye akazaliwa Marekani, na mama yake alilea watoto wa watu huku yeye akilelewa na televisheni. Alianza kurapu shuleni, juu ya mambo ya nyumbani: bibi yake aliyekataa kujifunza Kiingereza, lifti iliyoharibika, msichana aliyemkataa. Hakuna aliyesikiliza. Kisha mtu wa kampuni ya muziki akamwuliza wazazi wametoka nchi gani. Aliposikia Kolombia, macho yakamng'aa. Akamwambia, tuimbie hiyo.

"Hiyo ipi?" nikauliza.

"Ndilo swali nililomwuliza. Akasema, unajua vizuri ipi." Alizungusha glasi yake ya maji. "Sikuwa hata nimefika Kolombia. Nilikuwa nimeona unga kwenye sinema, kama ninyi. Lakini niliimba, na watu wakaniamini. Na tangu hapo kila uwanja wa ndege wananivuta kando. Hapa pia. Saa nzima walikuwa wakigusa viatu vyangu."

"Sasa mbona umeacha?" akauliza mwenzangu. "Si ulikuwa unalipwa kwa kudanganya?"

"Nilifikiri nikienda kwenye filamu nitapewa kuwa mtu mwingine. Mwalimu. Mtu wa posta. Hii ni filamu yangu ya nne." Akainua vidole vinne. "Muuza unga, muuza unga, ndugu wa muuza unga, muuza unga."

Mwenzangu alicheka kwa nguvu hadi familia ya Kifilipino ikageuka. Mimi sikucheka. Hadithi nzuri haithibitishi kitu. Wakala wangu alikuwa na hadithi nzuri mno, na picha za wasichana waliofanikiwa. Lakini jambo moja lilinikaa. Wiki ileile, katika duka la manukato, mlinzi alikuwa amenifuata kutoka rafu hadi rafu, naye mwenyewe alikuwa Mwafrika kama mimi. Nilikuwa nimemchukia. Na kazi yangu mimi ilikuwa ipi?

Alipoaga aliniuliza, "Umeacha lini kunishuku?"

"Sijaacha, sir."

Akaitikia kwa kichwa kana kwamba nimempa jibu alilolifuata.

Siku ya kupiga picha, lobi yetu haikujulikana. Waliondoa bendera, wakabadilisha maandishi, hoteli ikawa ya nchi isiyotajwa. Bawaba za lango la mizigo zilifungwa kitambaa zisilie. Nilivaa sare yangu mwenyewe, wakanibandika beji ya kampuni ya kubuni. Shingo yake ilikuwa na wino; hatimaye mwongozaji alikuwa ameamua. Huyo mwongozaji alikuwa mtu mwenye haraka, aliyejifunza neno la Kiarabu yalla, yaani haya twende, siku ya kwanza na tangu hapo hakulitua.

Kipande chenyewe kilikuwa kifupi. Anaingia, namtazama, ananisogelea, ananinong'oneza lile neno la mama kuvaa nyeusi, nami naogopa.

Tulirudia mara nyingi. Mwanzoni tatizo lilikuwa yeye. Akifungua mdomo, mikono ilipanda yenyewe na kukata hewa, na mwongozaji akapiga kelele: "Mikono! Hapa si jukwaani!" Akaiweka mifukoni. Ikatoka. Niliona jasho likipita katikati ya waridi na mwanamke wa vipodozi akikimbia kulifuta. Kisha tatizo likawa mimi.

"Dada, ogopa," akasema mwongozaji.

Nilijaribu. Nilifumbua macho, nikafungua mdomo, nikajiona mpumbavu.

"Hajaniogopa," akasema rapa, akinisemea mimi na akijisemea mwenyewe. "Ananishuku. Ni kitu kingine. Anayeogopa anaona jitu. Anayeshuku anakuona wewe, na hajakupenda. Acha nijaribu hivyo."

Mwongozaji aliangalia saa yake. "Moja tu. Yalla."

Akaingia. Nikamtazama jinsi ninavyowatazama wote: viatu, mikono, macho, begi. Akaja hadi karibu, akasimama, na yale maneno hayakutoka. Alinitazama tu. Nikaona uso ukilegea kidogokidogo, ukawa wa mtu aliyevuliwa viatu mbele ya foleni kwa mara nyingi kiasi kwamba sasa anaanza kuvifungua kabla hajaombwa. Mikono yake ilikuwa imelala. Sikukumbuka kamera. Nilitaka kumwambia apite, na papo hapo nikajiuliza kama hicho ndicho alichotaka nitake, na kama ndivyo, huo si ndio ustadi wa matapeli wote? Nikamkazia macho zaidi. Akageuka, akaenda kwenye lifti bila kusema neno.

Mwongozaji akakohoa, akasema ni nzuri sana, tena nzuri mno, ila sasa tufanye ile iliyoandikwa. Tukaifanya. Alinong'ona maneno yale kwa sauti ya kuogofya, mikono ikiwa mifukoni, nami nikatazama buti zangu.

Wakati wa kukusanya nyaya rapa alinijia. "Watatumia ile ya pili," akasema.

"Ameisifu ya kwanza."

"Nimekaa kwenye muziki miaka mingi. Mtu akisifu kitu mno, hakitumii."

Aliondoka Dubai wiki hiyo. Hakuomba namba yangu, hakuniahidi chochote, hakunipeleka popote. Mwenzangu alisema hilo ndilo thibitisho kwamba alikuwa mtu mwema. Mimi nilisema ni thibitisho kwamba alikuwa na ndege ya kuwahi.

Filamu ilitoka mwaka uliofuata. Tuliitazama Ijumaa mchana, wanawake sita juu ya vitanda viwili, kwenye kompyuta ya Mkenya wa chumba cha pili. Ilipofika lobi wote wakapiga vigelegele. Nilimwona akiingia. Nikamsikia akinong'ona kitisho chake. Ndipo picha ikarukia kwangu, na uso niliouona ulikuwa uso wangu wa ile mara nyingine, ile ya kimya. Walikuwa wamekata nusu ya huku na nusu ya kule, wakazishona. Sasa nilionekana nikimtazama mtu mbaya na kumjua kwa ubaya wake. Sura yake ile iliyolegea haikuwemo kabisa.

"Nyabo, umeigiza!" mwenzangu akanipiga begani. "Macho hayo! Mbona hufurahi?"

Nikamweleza. Wengine walikuwa wanaomba irudishwe nyuma waone tena. Alifikiri, akasema, "Kwa hiyo hata picha yako mwenyewe huiamini?"

"Hata hiyo."

Irudishwe, wakasema, na ikarudishwa.

Niliporudi Kenya miaka ilikuwa imepita. Jioni moja kwa dada yangu nikamkuta yule rapa kwenye televisheni, kichwa kimeanza mvi. Alicheza baba wa binti anayeolewa, mtu mwenye duka la kushona mapazia. Shingo ilikuwa na michoro yake na hakuna aliyeizungumzia. Alipima madirisha ya watu, aligombana na mkwe kuhusu chakula, alilia chooni ili asionekane. Dada yangu aliipenda, akaniuliza mara mbili kwa nini nimekaa ukingoni mwa kiti. Nilikuwa nangoja afanye ubaya. Nilingoja hadi majina yalipoanza kupanda kwenye kioo, na hakuwa amefanya wowote.