Matanga ya Bendi

Juzi niliona bango mtaani kwetu Frogtown: bendi ya Waingereza aliyoipenda kaka yangu imeungana tena, inakuja kupiga hapa.

Nilipokuwa mdogo, mchana ule bendi hiyo ilipovunjika, kaka alilala sakafuni akilia, magitaa yakipiga makelele spikani. Nilidhani wanabendi wamekufa. Nikampigia Mama kazini.

"Marafiki wa kaka wamekufa."

"Yesu! Wote?"

"Wote."

Jioni akina mama wa kanisa walijaa sebuleni na chupa za chai, harufu ya mandazi na iliki, wakiimba.

"Pole, baba," walimwambia kaka. Alishindwa kusema ni bendi tu. Akanywa chai.

Mwaka jana walirudi na chupa zilezile, safari hii kumlilia kaka mwenyewe. Nilichoweza ni kunywa chai. Na sasa iliyofufuka ni bendi.