Kopo la Kuonea Nyumbani

Taufiki Suleman, mchora vibao wa Ngara mjini, alikuwa na kanuni moja: hachori asichokiona kwa macho yake. Mwenye bucha alimtaka amchoree simba ukutani, ili wateja wajue kwamba nyama yake ina nguvu. Taufiki akasema simba hajamwona, ila anamfahamu paka wa jirani. Bucha ikapata paka. Kinyozi wa sokoni naye alitaka kichwa cha kijana mwenye nywele za mtindo mpya. Taufiki akamtazama kinyozi mwenyewe, aliyekuwa na upara, akachora alichokiona. Kinyozi alikaa mwezi mzima akinoa wembe bila mteja.

Baba yake, Mzee Suleman, ambaye ukoo wake ulikuja kutoka Pangani kuuza vitambaa ukasahau kurudi, alikuwa akimwonya, "Mwanangu, rangi si kiapo."

"Uongo ni uongo, baba, hata ukipakwa kwa brashi," Taufiki alimjibu.

Na hapo alikuwa na haki. Dunia imejaa vibao vya kuku wanono kuliko wanaouzwa ndani.

Mwaka 1997 shirika moja la misaada lilimwajiri katika kambi ya wakimbizi ya Lukole, achore mabango ya afya na kutunza kibanda cha vitabu. Mabango hayakumsumbua, kwa kuwa vyoo alikuwa ameviona. Kibanda ndicho kilichomwondolea utulivu. Kililetewa maboksi ya vitabu kutoka Ulaya. Watu wakagombea vya hesabu, vya kilimo na vya hadithi, vikabaki saba visivyoguswa na mtu. Vitatu vilifundisha namna ya kusema na watu kwa picha: rangi ipi huita jicho, mshale uelekee wapi, asiyejua herufi huisomaje picha. Vinne vilihusu jambo jipya ambalo Taufiki alilitafsiri kuwa ukweli wa kutengenezwa. Kwenye jalada la kimoja palikuwa na Mzungu aliyevaa kitu kama ndoo usoni, mikono mbele, akipapasa hewa kama mtu aliyezimikiwa na taa chooni.

Taufiki alivisoma vyote kwa msaada wa kamusi, vuli yote na masika yote. Habari za kompyuta hakuzielewa hata kidogo. Lakini jambo moja lilimkaa barabara: mtu akifunikwa asione mahali alipo, kisha akazungushiwa picha ya mahali pengine, na kila anakogeuza shingo picha ikawapo, basi moyo wake huhama, ingawa makalio yamebaki kwenye kigoda.

"Kwa hiyo ni uongo," alisema Hakizimana, seremala mkimbizi aliyekuwa akitengeneza rafu za kibanda.

"Ni uongo kama kilichochorwa hakipo. Kikiwapo, ni safari."

Hakizimana akaweka randa chini. "Fundi, mimi nina safari."

Safari yake ilikuwa ya ndoa. Alimpenda Odeta, binti wa Bukiriro aliyekuwa akileta ndizi kuuza kambini, na Odeta alimpenda. Lakini Odeta alikuwa yatima, amelelewa na shangazi yake Dafroza, na Dafroza hakuwa mtu wa kuruka desturi. Kabla binti hajatolewa, shangazi huenda kuona nyumbani kwa mchumba. Auone ua, aipime migomba kwa macho, achungulie jikoni. Sasa nyumbani kwa Hakizimana kulikuwa Burundi, kwenye kilima walichokikimbia yeye na mama yake. Hapa Lukole alikuwa na kibanda cha turubai.

"Simwozi mtoto kwa turubai," Dafroza alikuwa ametamka. "Turubai halina kwao."

"Nichoree kwetu, fundi," Hakizimana akaomba. "Nitakusimulia kila kitu."

"Masikio hayachori."

"Nitakufa mseja!"

"Utakufa mseja mkweli."

Hata hivyo Taufiki hakuwa na moyo wa jiwe, na baada ya kuwaza sana alipata njia. Hakizimana asimulie, yeye apande baiskeli, atafute kinachofanana na masimulizi, akitazame sawasawa, ndipo achore. Jumapili tatu alizunguka vilima. Jumapili ya tatu akauona kando ya njia ua uliolingana kabisa: nyumba ya bati, migomba iliyopaliliwa, chemchemi kwa chini, na beberu aliyefungwa kwenye mti. Hakukuwa na mtu wa kumuuliza, wenyeji walikuwa kanisani. Akachora kila alichokiona kwenye daftari lake, akaondoka.

Kambini alishona magunia matupu ya mahindi ya mgao yakawa pazia refu, akahamishia picha humo kwa rangi, akalizungusha ndani ya kibanda kama ukuta wa duara. Kisha akachukua kopo tupu la mafuta ya kula, akalikata chini, akatoboa matundu mawili ya macho, akalipima kwenye kichwa chake mwenyewe.

Hakizimana akalivaa, akageuza shingo huku na huku.

"Ni kwetu," alisema kutoka ndani ya kopo. "Hata mbuzi ni wetu."

"Mlikuwa na beberu wa pembe moja?"

"Tulikuwa na beberu. Pembe sikuzihesabu."

Mama yake, Iteka, naye alilivaa. Alipolivua macho yalikuwa mekundu, akasingizia kutu.

Dafroza alifika Jumamosi, amefunga kilemba kikubwa, Odeta nyuma yake akitazama vidole vya miguu.

"Shikamoo, shangazi," akasema Hakizimana.

"Marahaba. Nyumba iko wapi?"

"Iko ndani ya kopo, mama," Taufiki akajibu.

Dafroza akamgeukia Odeta. "Na hawa ndio watu uliowachagua."

Lakini aliketi. Kopo likasukumwa, likapita juu ya kilemba kwa shida, kama mguu wa mtu mzima unaoingizwa kwenye kiatu cha mtoto. Kisha likaanza kugeuka taratibu kuelekea kulia.

"Migomba ipo," ikasema sauti yenye mwangwi. "Imepaliliwa. Aliyeipalilia ana akili."

Hakizimana akatabasamu.

"Bati halina kutu. Maji yako karibu. Na beberu..." Kopo likasimama ghafla. "Huyu si ni Katibu?"

"Katibu gani, shangazi?" Odeta akauliza.

"Katibu wetu! Aliyekula barua ya ofisi ya kijiji! Na lile juu ya uzio... Yesu na Maria! Lile ni gauni langu! Lile lililotoboka!"

Akainuka, akalivuta kopo. Kopo likagoma, kilemba kilikuwa kimejikunja ndani. Akamwendea Hakizimana kwa kubahatisha, akamkwida Taufiki.

"Mwizi! Mke hujapewa, umeshahamia kwangu!"

"Mimi ni mchoraji, mama."

"Basi wewe sema. Nyumba ya huyu kijana umewahi kuiona?"

Hakizimana alimtazama Taufiki kama sungura aliyenaswa. Neno moja tu lingetosha: nimeiona, zinafanana, basi. Taufiki akatikisa kichwa.

"Sijaiona. Nimeiona yako. Alinisimulia ya kwao, nikatafuta inayofanana nayo."

Odeta akaanza kulia. Hakizimana akakaa chini kwenye takataka za randa. Harusi ilikuwa imekwisha, isipokuwa shangazi hakuweza kuondoka, maana kopo bado lilikuwa kichwani. Iteka akaenda kuleta mafuta kidogo kwenye kikombe, akaanza kuyapaka kwenye ukingo wa kopo, polepole. Muda huo wote Dafroza hakuwa na kitu kingine cha kutazama.

"Hapo penye chemchemi, dada," Iteka akasema, "kwetu palikuwa na jiwe. Nilikuwa nafulia juu yake. Na mlango wetu ulitazama migomba, hivyohivyo."

Dafroza akanyoosha mkono kuugusa mlango wa nyumba yake. Vidole vikakuta gunia. Akaurudisha mkono, kisha akaunyoosha tena.

"Hauingiliki," akasema kwa sauti ndogo.

"Hauingiliki, dada. Huu mwaka wa nne."

Kopo likachomoka, na kilemba ndani yake. Dafroza akajipangusa uso, na huenda yalikuwa mafuta tu.

"Desturi inasema nione ua," akatamka. "Nimeuona. Haikusema uwe wa nani."

Odeta akapiga kigelegele.

"Nyamaza, sijamaliza! Kambi nzima itakuja kuchungulia magunia haya. Gauni langu lililotoboka halitakuwamo. Fundi, lichore zima, sasa hivi, la sivyo hakuna harusi."

"Siwezi, mama. Nililiona limetoboka."

Hakizimana akapiga magoti. "Fundi! Brashi moja tu!"

"Tundika gauni zima, mama, nilione, na nitalichora."

"Zima sina."

Basi Taufiki akaenda dukani kwa baba yake, akanunua kitenge, akakipeleka kwa fundi cherehani, akaendesha baiskeli hadi Bukiriro na kulitundika gauni jipya juu ya uzio. Kisha akashuka chemchemini kunywa maji. Aliporudi, Katibu alikuwa akimalizia kutafuna mkono wa kushoto wa gauni.

"Si uliliona zima kabla hujaenda?" Dafroza akamuuliza.

"Nililiona. Lakini nimeliona pia lilivyoliwa."

Mzee Suleman alipoombwa kitambaa cha pili alisema tena kwamba rangi si kiapo, akakata. Safari hii Taufiki alisimama kati ya beberu na uzio, akalitazama gauni mpaka aliporidhika, akalitoa hatarini, akarudi Lukole kuchora. Odeta na Hakizimana walifunga ndoa mwezi uliofuata, na shangazi alikaa mbele kanisani ndani ya gauni hilo.

Kushika kanuni kulimgharimu Taufiki Suleman magauni mawili na ujira wake wote wa mwezi. Kuna waliosema ni ghali.