Mume Aliyekwama Ndani ya Kuvu

Kabale hakuwa mwanamke wa kupiga mayowe ovyo. Alizaliwa katika boma la ngamia, akaolewa na Wako angali msichana, na mwaka ule wa 1970 alikuwa na mtoto mmoja wa kubebwa mgongoni, Maryan. Lakini asubuhi ile, huko nje ya Oldonyiro, alipiga mayowe hadi sauti ikamkauka.

Kabla ya hapo jiwe jeusi lilianguka kutoka mbinguni, likachimba shimo nyuma ya boma. Manyunyu yalipopita, jiwe likaota kuvu la zambarau ambalo hata wazee hawakuwa na jina lake, likatambaa ardhini kama maziwa yaliyomwagika. Ndama mmoja akaingia humo. Wako akamfuata.

Alipiga hatua mbili tatu juu ya kuvu, kisha akakwama: mguu mmoja juu, mkono mbele, mdomo wazi. Hata nzi aliyekuwa akimsumbua alikwama hewani, mabawa yamefunguka.

"Baba Maryan!" Kabale aliita.

Halake, mdogo wake Wako, akarusha kamba amvute. Ncha ya kamba ilipofika juu ya kuvu ikabaki pale pale hewani, haianguki, haivutiki. Halake akaiachilia, akarudi nyuma. "Astaghfirullah! Astaghfirullah!"

Mvua zilipita. Siku moja Halake akamjia Kabale kwa upole. "Shemeji, yule ni maiti aliyesimama. Desturi unaijua. Njoo kwangu, nikulee na mtoto."

"Mguu wake umeshuka," Kabale akasema.

"Nini?"

"Siku ile ulikuwa juu. Sasa kidole kimegusa chini. Maiti hakanyagi, shemeji. Sisi miezi imetupita. Yeye hata hatua moja hajamaliza."

Halake alikwenda kujionea mwenyewe. Aliporudi, habari ya kumrithi Kabale hakuitaja tena.

Kabale akahamia mtaa wa Kiwanjani, akauza maziwa ya ngamia mjini. Kila masika alirudi kumtazama mumewe. Safari moja alimkuta ameanza kuinama. Nyingine, vidole vimefika shingoni mwa ndama. Mama mkwe alikufa akingoja. Kabale akaota mvi kabla ya wakati, akang'oka jino. Wako ni kijana vile vile, jasho la asubuhi ile bado linang'aa usoni.

Ukaja ukame wa 1984. Mifugo ikateketea, visima vikakauka, na kuvu nalo likaanza kusinyaa. Kabale alikuwa amesimama pembeni na Maryan, sasa msichana wa kuolewa, kuvu lilipopasuka likawa vumbi mbele ya macho yao. Nzi akaruka. Kamba ikaanguka chini puu! Wako akainuka na ndama mikononi.

Wako alimpita Kabale kama anavyopitwa mgeni, akamwendea Maryan mwenye sura ileile ya ujana wa mama yake.

"Kabale, shika huyu ndama," akasema. "Na mtoto umemwachia nani?"

Maryan alirudi nyuma. "Mimi ndiye mtoto."

Wako akacheka. Kisha akaona boma halipo. Akaona mifupa ya ng'ombe imetapakaa. Ndipo akamgeukia yule mwanamke mwenye mvi, akamkazia macho, na kicheko kikafa.

"Wewe ni nani?"

"Ni mimi, baba Maryan."

Ndama alimponyoka. Wako aliketi mavumbini, akamuulizia mama yake, aliyeagana naye asubuhi ileile. Kabale alimwambia kwamba alishakufa. Kilio alicholia Wako kiliwashtua wote, kwa maana wao machozi yao yalishakauka miaka mingi, na ya kwake yalikuwa mabichi.

Bila mifugo, walikwenda Rapsu, kwenye mashamba ya kumwagilia maji, kulima vitunguu na mahindi. Wako alijifunza jembe akilalamika kila siku. Maryan alichukua muda kabla ya kumwita baba, na hata alipoanza alimwita kwa sauti ndogo. Majirani walipomuuliza Kabale kama kijana yule ni mdogo wake, aliinamisha uso kwa aibu.

Wako ndiye aliyejibu, tena kwa sauti ya kusikika shamba zima:

"Mke wangu huyo. Mna swali lingine?"